Wadudu Chungu na Vitabu vya Watoto Wetu

Katika sura 114 za Kurani Tukufu, tatu zimeitwa kwa majina ya viumbe vidogo tuvipitavyo kila siku bila ya kuvitazama: An-Nahl, yaani nyuki, An-Naml, yaani wadudu chungu, na Al-Ankabut, yaani buibui. Basi nyumba ya Kiislamu isomayo sura hizi haina udhuru wa kuwaacha watoto wake bila ya maarifa ya viumbe hivyo.

Jambo hili limenikaa moyoni tangu mwanangu, asomaye chuoni hapa Bagamoyo, alipofika Suratun Naml. Alisoma kisa cha Nabii Suleiman (a.s.) na majeshi yake walipofika kwenye bonde la chungu, na chungu mmoja akawaonya wenzake waingie majumbani mwao, wasije wakapondwa na watu wasiowaona. Suleiman akatabasamu na akamshukuru Mola wake. Mtoto akaniuliza: "Baba, alikuwa chungu gani? Siafu, sisimizi au majimoto?"

Kurani haikutaja aina yake, nami nikamjibu hivyo. Lakini swali la namna hii si la kitoto. Zamakhshari ameeleza katika tafsiri yake kwamba Qatada alipofika Kufa aliwataka watu wamwulize watakalo. Abu Hanifa, naye bado ni kijana, akataka aulizwe kama chungu wa Suleiman alikuwa mume au mke. Qatada akanyamaza. Abu Hanifa akasema alikuwa mke, kwa kuwa kitenzi "qalat" kimekuja kwa umbo la kike. Wanasarufi wengine hawakuridhika, wakasema neno "namla" lina umbo la kike hata likikusudiwa dume. Si kazi yetu kuamua baina yao. Lakini leo yajulikana kwa uchunguzi kwamba chungu wote watendao kazi, wabebao, wajengao na wapiganao, ni wa kike. Madume kazi yao ni kupandana, kisha hufa upesi. Natamani mtoto wetu asome mambo haya mawili katika ukurasa mmoja, apate kujua kwamba elimu ya lugha na elimu ya wadudu zaweza kukaa jamvi moja.

Wanavyuoni wetu wa zamani hawakuidharau elimu hiyo. Al-Jahidh wa Basra, katika karne ya 9, aliandika Kitabu cha Wanyama kwa juzuu saba, na chungu akapewa haki yake humo. Ad-Damiri wa Misri, aliyefariki mwaka 1405, aliwapanga viumbe kwa herufi za alfabeti, mkubwa na mdogo kila mmoja mahali pake. Nilipokwenda Dar es Salaam kutafuta kitabu cha wadudu kwa lugha yetu, muuza vitabu alinitolea vya Kiingereza, vyenye picha nzuri za chungu wa misitu ya Ulaya.

Si kwamba chungu wetu hawakuandikwa. Bert Hölldobler na E. O. Wilson walitoa mwaka 1990 kitabu kikubwa juu ya chungu, chenye kurasa zaidi ya 700, nacho kikapata tuzo ya Pulitzer huko Marekani mwaka 1991. Majimoto wetu wamo. Dino Martins wa Kenya naye ametoa mwongozo wa wadudu wa Afrika Mashariki, nao ni wa Kiingereza. Elimu ya miti yetu imesafiri mbali, wala haijarudi nyumbani kwa lugha ya wenyewe.

Tumtazame huyo majimoto, aishiye katika minazi, miembe na michungwa ya pwani hii. Yeye hushona majani mabichi yakawa nyumba. Watenda kazi hushikana viuno mmoja nyuma ya mwingine, wakavuta majani mawili mpaka yakakutana. Wengine huja wamebeba mabuu vinywani, na mabuu hao hutoa uzi wa hariri, nao wakubwa huwapitisha huku na huku kama fundi apitishavyo sindano. Adui akija, hutoa harufu kadhaa: moja huzindua, nyingine huita, nyingine huamrisha kuuma. Muujiza wa Nabii Suleiman ni kule kufahamishwa usemi wao. Ama kwamba wao huonyana, hilo kila mtoto aweza kulishuhudia kwenye mwembe wa uani.

Tena katika jambo hili mna riziki. Yuko mdudu afyonzaye minazi, ambaye wataalamu humwita Pseudotheraptus wayi. Hutoboa vidaka vikaanguka kabla ya kuwa vitale. Jina lake la mwisho latokana na M. J. Way, aliyefanya uchunguzi Unguja katika miaka ya 1950 na kuonyesha kwamba mnazi wenye majimoto wa kutosha husalimika na mdudu huyo. Alionyesha pia kwamba majimoto wana mshindani, naye ni chungu mdogo wa kahawia akaaye ardhini, ambaye huwafukuza mitini. Mwaka 2011 Way huyohuyo, pamoja na Z. S. K. Seguni wa Tanzania na mwenzao, walitangaza matokeo ya uchunguzi katika mashamba ya michungwa ya nchi hii: palipoachwa majani yaote chini ya miti, majimoto walistahimili vizuri kuliko palipofyekwa pakawa peupe. Mwenye shamba asiyeyajua haya hufyeka mpaka shina, akajisifu kwa usafi, kisha akashangaa vidaka vikidondoka.

Mkwezi hampendi majimoto, nasi hatumlaumu, kwa maana ndiye aumwaye huko juu, mikono yote miwili ikiwa kazini. Mara nyingi hutaka viota vichomwe moto kabla ya kupanda. Hapa dini yetu ina neno. Katika Sahihi ya Bukhari imepokewa habari ya Nabii mmoja aliyeumwa na chungu, akaamuru kijiji chao kichomwe, naye akalaumiwa na Mola wake kwa kuuangamiza umma mzima umsabihio Mungu kwa sababu ya chungu mmoja. Na katika Abu Daud, Mtume wetu (s.a.w.) aliona kijiji cha chungu kilichochomwa na masahaba, akawafahamisha kwamba kuadhibu kwa moto kwampasa Mola wa moto peke yake. Tuonapo amri ya dini na faida ya mnazi zikisimama upande mmoja, hatuna budi kuwaeleza watoto wetu na wakwezi wetu pia.

Basi kitabu ninachokitaka si kigumu. Kiwe na majina ya hapa, kama yasemwavyo Kaole, Mlingotini na Saadani. Kieleze kwamba siafu watenda kazi hawana macho, na kwamba wapitapo nyumbani usiku husafisha mende kuliko dawa yoyote. Kieleze kwamba mchwa si chungu hata kidogo, bali ni jamaa wa mende. Na kwamba ndiye wafasiri wanayemtaja katika Sura Saba kuwa aliila fimbo ya Nabii Suleiman hata majini wakajua kwamba amekwisha kufa. Nabii yuleyule alionywa habari za chungu akiwa hai, na mauti yake yakadhihirishwa na mchwa. Mtoto gani hatapenda kukisoma?

Mpaka kitabu hicho kichapishwe, kila nyumba yaweza kuanza chake. Mpe mtoto daftari. Aandike jina la mdudu, aliulize kwa bibi na kwa mkwezi, achore kiota, aandike alichomwona amebeba na saa aliyomwona. Wenye elimu ya wadudu nao, ambao wengi wamesomeshwa kwa jasho la wakulima wa nchi hii, wana deni la kutuandikia kwa Kiswahili. Elimu ni amana, na amana hurudishwa kwa wenyewe.

Mwenyezi Mungu atujaalie macho ya kuziona ishara zake, kubwa na ndogo. Amin.