Bibi Amezikwa Wapi?

Kwetu Kibingo, wilayani Kyerwa, ukiuliza "yule ni nani" hutajiwi jina. Unatajiwa kibanja. "Ni wa kwa mzee fulani, pale bondeni, penye mibuni mingi." Usipoelewa, unaongezewa ukoo wa babu yake. Usipoelewa tena, unaambiwa shangazi yake ameolewa nyumba ipi. Hapo lazima uelewe, maana kijijini hakuna mtu asiye na shangazi. Jina lililoandikwa kwenye cheti linakuja mwisho kabisa, na mara nyingi majirani hata hawalijui.

Serikali nayo inauliza swali lile lile, ila inataka jibu lenye tarakimu 20. Nane za mwanzo ni mwaka, mwezi na siku uliyozaliwa. Wanachuo wenzangu, mnajua wenyewe bila hiyo namba maisha yanakuwaje: laini ya simu husajili, akaunti ya benki hufungui, TIN hupati, pasipoti ndiyo usiiote kabisa. Wengi wetu tuliihangaikia baada ya kufikisha miaka 18, tukaipata, tukaisahau. Hapa chuoni imebaki mada ya utani: "Una kadi au bado una namba tu?" Mimi naomba niizungumze kwa upande wa mpakani, kwa sababu huko swali la "wewe ni nani" lina mkia: "Na bibi yako je?"

Kwa asiyejua jiografia yetu, Kyerwa iko kona ya kaskazini magharibi kabisa ya nchi. Magharibi ni Rwanda, kaskazini ni Uganda, na Mto Kagera unapita kati. Ukifika Murongo unaiona Uganda ng'ambo ya mto kwa macho yako. Kinyambo chetu na Kinyankole chao havihitaji mkalimani. Majina yanafanana, ndizi ni zile zile, senene ni wale wale. Mpaka wa upande wa Rwanda walipangiana Waingereza na Wabelgiji baada ya Vita Kuu ya Kwanza. Hata Gisaka, iliyo upande wa Rwanda leo, iliwahi kuwekwa chini ya Waingereza kwa miaka michache kabla ya kurudishwa kwa Wabelgiji. Kwa hiyo mtu kuwa na ndugu ng'ambo si ajabu. Ajabu ni kutokuwa naye.

Hata kwa upande wetu, mipaka ya ndani ilibadilika. Kyerwa ilikuwa sehemu ya Karagwe mpaka 2012. Mimi cheti changu cha kuzaliwa kinasema Karagwe, cha mdogo wangu kinasema Kyerwa, na sote tumezaliwa kitanda kimoja.

Sheria ya Usajili na Utambuzi wa Watu ni ya mwaka 1986. NIDA ilianzishwa 2008, na vitambulisho vya kwanza vilitolewa Februari 2013. Lakini kijijini kwetu kilichowatoa watu majumbani ni simu. Usajili wa laini kwa alama za vidole ulianza Mei 2019, mwisho ukawa 31 Desemba, Rais Magufuli akaongeza siku 20 hadi 20 Januari 2020. Nilikuwa sekondari. Nakumbuka wazee wakiondoka saa kumi alfajiri na tochi, bahasha ya kaki kwapani, kwenda kuwahi foleni. Watu ambao hawakuwahi kuhitaji karatasi yoyote tangu wazaliwe walikuwa wanaambiwa kwamba bila karatasi hata salamu za mtoto aliyeko Dar hawatazipokea.

Zamu yangu ilifika baada ya kidato cha sita. Nilikwenda pamoja na mama, maana naye hakuwa nayo. Fomu yenyewe haina malipo. Kinachogharimu ni kuizungukia: mwenyekiti wa kitongoji, mtendaji wa kijiji, mhuri, fotokopi, bodaboda ya kwenda na kurudi. Halafu kuna mambo ya R na L. Kwetu Rwegasira na Lwegasira ni mtu mmoja, Kemirembe na Kemilembe ni dada yule yule, inategemea nani alishika kalamu siku hiyo. Jina la baba lilikuwa na R kwenye cheti changu cha kuzaliwa na L kwenye cheti cha kidato cha nne. Herufi moja ikanipeleka kwa wakili kula kiapo kwamba baba yangu ni baba yangu.

Mama kesi yake ilikuwa nzito zaidi. Alipoulizwa tarehe ya kuzaliwa alijibu, "Mwaka wa Amin."

"Kabla Amin hajapigwa au baada ya kupigwa?"

Foleni nzima ilicheka, naye mama akacheka. Lakini lilikuwa swali la maana. Majeshi ya Amin yaliingia Kagera mwishoni mwa 1978, na Kampala ikaanguka Aprili 1979, kwa hiyo kati ya kabla na baada kuna mwaka mzima wa tofauti katika zile tarakimu nane. Kilichomwokoa mama ni kadi ya ubatizo aliyoihifadhi bibi ndani ya kitabu cha nyimbo. Kwa kadi hiyo aliomba kwanza cheti cha kuzaliwa RITA, akakipata akiwa na miaka zaidi ya arobaini. Nyumbani tunamtania kwamba amezaliwa rasmi akiwa na watoto watano.

Kisha yakaja mahojiano. Kwa wilaya za mpakani maofisa wa Uhamiaji wanashiriki kuhakiki uraia, na aliyenihoji mimi alikuwa dada mpole tu, anayeuliza huku anaandika. Babu mzaa baba alizaliwa wapi? Bibi mzaa mama ni wa ukoo gani? Babu amezikwa wapi? Hilo la mwisho nilijibu haraka kuliko yote. Kwetu tunazika kibanjani, migombani, nyuma ya nyumba. Kaburi la babu nimelipalilia tangu nikiwa mdogo. Na mzee jirani yetu, ambaye hakusoma hata darasa la kwanza, alikuwa ameketi nje kwenye benchi kuthibitisha kwamba yeye mwenyewe alishika jembe siku ya kulichimba.

Tulipotoka ndipo nilipoelewa kitu. Vyeti vyangu vyote, mihuri yote, kiapo cha wakili, mwisho wa siku vilikuwa vimesimama juu ya neno la mzee asiyejua kusoma. Namba ya NIDA ni ya kompyuta, lakini mizizi yake iko kwenye kumbukumbu za majirani. Kwa mimi niliyezaliwa ndani ya kumbukumbu hiyo, mambo yalikwenda. Je, yule ambaye kumbukumbu ya kijiji kuhusu bibi yake inaanza na safari?

Nina rafiki tuliyeanza naye darasa la kwanza. Siandiki jina lake na mtanielewa. Bibi yake alivuka Kagera akiwa msichana, mwanzoni mwa miaka ya 1960, pamoja na Wanyarwanda waliokimbia machafuko yaliyoanza 1959. Aliolewa huku, akazaa huku. Mwaka 1980 serikali ya Mwalimu Nyerere iliamua kuwapa uraia wakimbizi wa Rwanda wapatao 36,000. Kama bibi huyo alikuwa mmoja wao, nyumbani kwao hakuna karatasi inayosema hivyo, na mwenyewe ameshafariki. Mama wa rafiki yangu amezaliwa Tanzania. Rafiki yangu amezaliwa Kibingo, ameimba wimbo wa taifa mstarini miaka saba, anaongea Kinyambo kuniliko.

Hajawahi kwenda kuchukua fomu hata siku moja. Hajanyimwa na mtu, ni woga tu. Mwishoni mwa Julai 2013 Rais Kikwete, akiwa ziarani Kagera, aliwapa wahamiaji wasio na vibali siku 14 waondoke. Septemba ikaja Operesheni Kimbunga. Tulikuwa watoto wa shule ya msingi. Asubuhi moja madawati mawili ya mbele yalikuwa wazi, na hatukuambiwa kitu. Rafiki yangu alihesabu yale madawati kuliko sisi wengine. Tangu hapo, meza yoyote yenye mtu aliyevaa sare na kalamu, yeye anaipitia mbali.

Sasa angalia bei ya woga huo. Alifaulu kidato cha nne, akaishia hapo. Anashona nguo sokoni na anashona vizuri. Laini yake ya simu imesajiliwa kwa kidole cha shangazi, kwa hiyo akiba yake yote kwa mujibu wa mtandao ni ya shangazi. Siku shangazi akinuna, au akifariki, atakwenda wapi kudai? Kikundi cha akina mama cha mikopo ya halmashauri kilimwomba namba, akasema ameisahau nyumbani. Mwaka jana amejifungua. Mtoto naye atahitaji cheti, cheti kitauliza wazazi, na mtoto akifika miaka 18 ataulizwa habari za mama, kisha za bibi. Safari ya msichana mmoja kuvuka mto miaka sitini iliyopita inafika kizazi cha nne.

Najua upande wa pili wa hoja, na siudharau. Mkoa wetu umevamiwa na jeshi. Mwaka 1994 mamia ya maelfu ya watu walivuka kuja Ngara na Karagwe ndani ya muda mfupi, na miili ilielea Mto Kagera mpaka Ziwa Victoria. Nchi ina haki ya kujua nani yuko ndani yake, na dada aliyenihoji alikuwa anafanya kazi yake. Lakini mto huo huo una fundisho jingine. Ng'ambo yake, Wabelgiji waliwaandikia Wanyarwanda kabila kwenye vitambulisho tangu miaka ya 1930, na mwaka 1994 kwenye vizuizi vya barabarani kadi ile ilisomwa kama hukumu. Kadi yetu haina kabila, na tushukuru. Basi tusiruhusu kabila lirudi kupitia mlango wa uani, kwa kumtilia mtu shaka kwa sababu ya urefu wa pua yake au lafudhi ya bibi yake. Majirani zetu Kenya wamelijadili hili kwa miaka, na Februari 2025 Rais Ruto aliondoa uhakiki wa ziada waliokuwa wakifanyiwa waombaji wa kitambulisho wa kaskazini mashariki, wengi wao Wasomali. Wapo waliopinga kwa hoja za usalama, na mjadala wao ni halali. Ila angalau waliuleta mezani.

Sisi wanachuo tunaweza nini? Jamani, tusisubiri tuwe mawaziri. Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017 inawatambua wasaidizi wa kisheria mpaka huko vijijini. Wenzetu wa Kitivo cha Sheria mnaowalipia bodaboda watu wa kampeni za serikali ya wanafunzi, likizo ijayo mlipieni mama mmoja aende kufuatilia cheti. Wewe usiye wa sheria, kaa na bibi yako jioni moja, andika majina: nani alimzaa nani, wapi, amezikwa wapi. Tafuta kadi ya ubatizo au ya kliniki kabla panya hajaitafuta. Na mtoto aliyezaliwa nyumbani kwenu mwaka huu, hakikisha amesajiliwa akiwa bado ananyonya, asije kuulizwa habari za Amin wa zama zake.

Likizo iliyopita rafiki yangu aliniuliza akiwa anakanyaga cherehani, bila kuniangalia: "Wakiniuliza bibi amezikwa wapi, niseme nini?"

Nilimwambia aseme kweli. Bibi yake amezikwa Kibingo, kwenye kibanja chao, hatua chache kutoka mibuni aliyoipanda kwa mkono wake. Kwa kipimo nilichopimwa mimi, na yeye anacho.

Tumekubaliana nikirudi tunakwenda pamoja. Shahidi ni yule yule mzee jirani, kwa sababu alikuwepo hata siku ya mazishi hayo. Simu ya mwisho mama aliniambia mzee amepita miaka themanini na siku hizi anachanganya majina ya wajukuu zake. Nimeshaangalia ratiba ya mitihani. Ukiisha tu, siku inayofuata nipo kwenye basi la Karagwe.