Bibi ya Ojwang ana jina lake

Wiki hii sina skiti. Nyinyi mlionijazia inboksi mkiuliza "mathe wa mwiko ameenda wapi", tulieni, nitafika huko. Kwanza nawauliza swali moja, na msikimbilie Google: Mama Kayai anaitwa nani?

Eeh. Hata mimi sikujua mpaka juzi.

Anaitwa Mary Khavere. Alianza kuigiza miaka ya 1980, wakati KBC bado ilikuwa Sauti ya Kenya, kabla KTN ianze 1990. Yaani nchi nzima ilikuwa na stesheni moja, na ukitaka kubadilisha chaneli unazima TV unalala. Vitimbi, Vioja Mahakamani, zaidi ya miaka 30 mbele ya kamera. Na hiyo miaka yote sisi tumemuita bibi ya Ojwang, kama vile alikuja na mzee kwa mfuko mmoja.

Hata hiyo ndoa haikuwa ndoa. Mzee Ojwang alikuwa Benson Wanjau, Mkikuyu. Mama Kayai ni Mluhya. Wawili hao wakatuuzia nyumba ya Wajaluo mpaka watu wazima wakaamini wameoana kweli. Mimi niliamini. Nikiwa mdogo hapa Lodwar tulikuwa tunaangalia kwa hoteli moja karibu na steji ya magari ya Kakuma. Sheria ya mwenye hoteli ilikuwa ununue kitu ndio ukae. Tulikuwa watano, tunanunua chai moja, na tunaipitisha kama kombe la dunia.

Wiki iliyopita nikarudi kwa vipindi vya zamani YouTube, bando ikaisha, nikanunua ingine. Nikaona kitu sikuwahi kuona. Mzee anaongea, anadanganya, anajichanganya, na wewe unadhani yeye ndiye anakuchekesha. Sasa usimwangalie. Mwangalie mama. Kicheko chenyewe kinasubiri uso wake. Anakunja mdomo, anashika kiuno, anamwacha mzee ajichimbie shimo, halafu ndio anafungua hiyo sauti. Bila yeye Ojwang ni mzee anaongea peke yake. Jaribu kutoa sauti kabisa uangalie, utaona sidanganyi.

Mzee alipokufa Julai 2015 nchi ililia, na ilikuwa haki. Watu wakauliza Vitimbi itakuwaje bila Ojwang. Pale hotelini sikusikia hata mtu mmoja akiuliza Mama Kayai ataigiza na nani sasa. Aliendelea tu.

Na hapa tunajichanganya. Machi 2014 Lupita Nyong'o alishinda Oscar, tukapiga kelele mpaka ikawa kama tumeshinda sisi. Ile tuzo ilikuwa ya nini? Mwigizaji msaidizi wa kike. Msaidizi! Wenzetu wanampa huyo mtu sanamu ya dhahabu tangu miaka ya 1940. Huku kwetu msaidizi tunamlipa soda.

Sasa tuongee kuhusu soda.

Mathe wa klipu zetu ni jirani yangu Kanamkemer. Anauza samaki wakavu wa kutoka ziwani. Miaka miwili iliyopita nilimwomba anikimbize na mwiko mbele ya simu, akacheka, akanikimbiza, na hapo ndipo mlianza kunifuata. Si mimi mliyependa, tusidanganyane. Nimesoma komenti.

Mwaka jana tulienda Kakuma kurekodi na vijana wa kambini. Hao wasee wanajua kamera. FilmAid imefundisha vijana filamu pale kwa miaka mingi, na inaonekana wakishika mashine. Kutoka Lodwar ni kama kilomita 120. Mathe alifunga kibanda, akaacha samaki kwa binti yake, akakaa kwa jua kando ya lagga ya Tarach kutoka asubuhi mpaka saa kumi. Alirudia sehemu moja mara tisa kwa sababu mimi nilikuwa nasahau maneno. Yeye hakusahau hata moja.

Ile klipu ikapaa. Duka moja likanilipa nitangaze viatu vyao ndani ya zile zilizofuata. Nikamlipa wa kamera, nikamlipa wa kuhariri, nikajilipa vizuri sana. Mathe nikampa nauli na soda. Kichwani nilijiambia huyu ni mzazi, ni familia, ukimlipa utamkosea heshima. Angalieni vile mtu anaweza kutumia heshima kuiba.

Siku moja akaniuliza, "Kijana wangu, wale watu wa viatu walikulipa?"

Nikasema, "Kidogo tu, mama."

Akaniangalia. Hakuongea. Ni ule uso anaonipa kwa klipu akinishika na uongo, nimeurekodi labda mara ishirini. Lakini siku hiyo hakukuwa na simu imewashwa, na mwiko haukufuata.

Jumamosi iliyofuata hakuja. Nikamvalisha rafiki yangu leso, tukarekodi. Mliona wenyewe. Mtu akaandika "huyu ni mathe wa Uchina", na komenti yake ikapata likes kuliko klipu.

Ningependa kuwaambia nilirudi kwake kwa sababu dhamira ilinisumbua. Hapana. Nilirudi kwa sababu nilianguka. Dhamira ilifika baadaye, kwa boda.

Nilimpelekea pesa, sehemu yake ya zile klipu zote za viatu, nimepiga hesabu kwa karatasi. Akahesabu polepole mbele ya wateja. Halafu akasema, "Na samaki walioharibika siku ya Kakuma?" Nikaongeza. Akaniambia kitu kingine: akirudi, jina lake litaandikwa mwanzo wa klipu, lote, mahali langu linaandikwa. "Mathe si jina," alisema. "Mathe ni kila mtu."

Jina hilo sitaliandika hapa mpaka akubali. Bado hajakubali. Alisema Jumamosi ni siku ya soko, ataona vile samaki wataenda.

Simu nimechaji. Mwiko uko kwake.