Jumamosi ya Mabati

Nilikuwa na miaka 23 nilipopata kibarua cha kutafuta wateja kwa tajiri mmoja wa vifaa vya ujenzi, Ngamiani. Tulikuwa vijana wanne. Kila Jumamosi asubuhi tajiri alifungua daftari na swali lake moja: "Umeuza ngapi?"

Mimi nilikuwa na dili Pangani. Mzee mmoja alitaka mabati 400 ya nyumba ya wageni. Safari ya kwanza alinibishia bei mpaka jasho likanitoka. Ya pili akanikaribisha kahawa, akauliza habari za nyumbani. Ya tatu akasema, "Inshallah mwanangu, wiki ijayo," akanisindikiza mpaka kituoni. Bei hakuigusa tena.

Msomaji mwenzangu, kama u mtu wa pwani unajua. Kwetu mtu hakwambii hapana usoni. Anayebisha bei anataka kununua. Akiacha kubisha, keshaondoka, kimebaki kikombe tu. Basi lilipopita Tongoni moyo wangu ulishajua. Jumamosi nikasema, "Inaiva, mzee." Nikasema hivyo Jumamosi tano.

Niliogopa. Mwenzetu mmoja aliwahi kusema kweli kwamba mteja wake amekwama. Akasutwa mbele yetu, mteja akapewa mwingine. Siku ile sote tulijifunza kunyamaza.

Kumbe tajiri alikuwa ameniwekea yale mabati stoo. Mnunuzi wa Muheza alikuja na fedha taslimu, akaambiwa yana mwenyewe. Safari ya nne nikaona kwa macho yangu: nyumba ya mzee imeshaezekwa, mabati ya duka jingine yanameta.

Nikarudi, nikasema yote.

"Ulijua lini?"

"Siku aliyoacha kubisha bei."

Akanyamaza kitambo. "Siku ile ningempunguzia, au ningempa muda wa kulipa. Leo nifanye nini?"

Ujanani alikuwa karani wa shamba la mkonge. Akatukumbusha kuwa mwaka 1964 nchi hii ilitoa zaidi ya tani 230,000 za mkonge, kisha kamba za nailoni zikaula soko kidogo kidogo. "Haikuwa usiku mmoja," akasema. "Sisi makarani tuliona oda zinapungua. Nani alituuliza? Na mimi sikuwauliza nyinyi."

Jumamosi iliyofuata swali likawa jingine: "Nani ana iliyokwama?" Kimya. Akaanza yeye: alikuwa na mdaiwa Korogwe, miezi mitatu anamkwepa. Hapo yule aliyesutwa akanyoosha mkono. Tajiri akamwambia ahsante, akavaa kofia, wakaenda wote kwa mteja. Ile dili ilipona nusu: badala ya mifuko 100 ya saruji, 50. Juma lililofuata mikono ilinyooka mitatu, mmoja wangu.

Wahenga walisema mficha maradhi kifo humuumbua. Kweli kabisa. Lakini methali haimtaji yule anayemchapa mgonjwa kila akisema anaumwa.