Damu Moja, Ukoo Mzima

Wandegeya, Kampala, 3 Februari 2026
Leo nimepita tena nje ya Maabara ya Serikali. Wengi huja hapa kutaka kujua baba wa mtoto ni nani. Mimi huwawaza wanawake zaidi ya 20 waliouawa mwaka 2017 hapa Uganda, Nansana na pande za Entebbe. Wapo ndugu ambao hadi leo hawajaona muuaji akihukumiwa.

6 Februari
Nikiwawaza, nakumbuka kesi ya Marekani: Joseph James DeAngelo aliua na kubaka California miaka ya 1970 na 1980, akakamatwa Aprili 2018. Wapelelezi walikuwa na vinasaba vyake, jina hawakuwa nalo. Waliviingiza GEDmatch, hifadhi ya vinasaba mtandaoni, wakapata ndugu wa mbali, wakapanda hadi kwa mababu, kisha wakashuka tawi kwa tawi hadi kwake. Ushahidi wa kuhakikisha walikwenda kuupata kwenye kitasa cha mlango wa gari lake.

9 Februari
Njia hiyo imeshafika Nanyuki, Kenya. Watoto waliozaliwa na askari wa Uingereza wametafutiwa baba kwa vinasaba, na mahakama ya London imethibitisha baba wa baadhi ya watoto hao. Iliwezekana kwa sababu Waingereza wengi wamejipima wenyewe wakitafuta asili zao. Muuaji wa Kampala akitafutwa kwenye hifadhi hizo za vinasaba, huenda asionekane hata binamu mmoja.

13 Februari
Ila miti ya koo tunayo. Muganda aliyefundwa hutaja kika, ssiga, mutuba na lunyiriri lake, yaani ngazi za ukoo kutoka kubwa hadi ndogo, bila kufungua kitabu. Nimemuuliza Jjajja kama angekubali kupimwa mate ili muuaji apatikane.

"Mjukuu wangu, nikitoa yangu nimetoa na yenu. Na je, wakigundua fulani si mtoto wa baba yake, nani atamlinda?"

14 Februari
Sikulala vizuri, lakini sasa najua ninachokitaka. Muuaji atafutwe, hata kupitia damu ya binamu yake. Ila sheria itangulie: iwe kwa mauaji na ubakaji tu, kwa kibali cha jaji, kwa mate ya aliyekubali. Siri ya uzazi itakayojitokeza njiani isitoke maabara. GEDmatch yenyewe ilianza kudai ridhaa mwaka 2019, baada ya polisi kuingia. Mwaka huohuo sisi Uganda tulipata Sheria ya Ulinzi wa Data na Faragha. Tuanzie hapo. Waliofiwa wanastahili jibu, na watoto wa koo zetu wasilipie jibu hilo kwa kuvunjiwa nyumba.