Geti la Lyon

Bumu limekata, intaneti ya hosteli inasuasua, nikaamua kutafuta filamu fupi kuliko zote. Nikaangukia ile ya Louis Lumière ya mwaka 1895: wafanyakazi wanatoka kiwandani Lyon, Ufaransa. Haina sauti, haifiki hata dakika 1. Geti linafunguka, watu wanamwagika, wengi wanawake wa sketi ndefu na kofia. Mbwa anakatiza. Basi.

Nimeitazama mara 6. Kinachonisumbua ni kwamba aliyepiga ile picha ndiye mmoja wa wenye kiwanda. Walikuwa wanatengeneza vioo vya kupigia picha, ila humwoni hata mmoja kazini. Unawaona wakitoka tu. Tena matoleo yako 3, kwa hiyo huenda hata ile haraka yao waliagizwa.

Mama yangu anashona kiwandani mwaka wa 9 huu. Geti lile nalijua, nimemsubiri pale mara nyingi. Ndani sijawahi kumwona. Usiku uleule nikampigia.

“Mama, mule ndani huwa mnakaa au mnasimama?”

Akacheka. “Leo ndo unauliza?”