SIRINGI JAMANI, SIONI!

Hapa Lagangabilili msichana akimpita mzee njiani bila kupiga goti na kumwamkia, habari zinafika nyumbani kabla yake. Mwenzenu nimeshtakiwa kwa mama mpaka nikazoea. "Binti yako anaringa, kisa kasoma sekondari!" Wala! Mtu akiwa hatua kumi tu, mimi namwona kama moshi uliovaa shati.

Darasani ndiyo usiseme. Ubao nilikuwa nausikia tu. Hesabu nilinakili kwa jirani, pamoja na makosa yake, na kidato cha nne nikaambulia divisheni foo.

Nilikuja kupimwa mjini Bariadi nina miaka 21. Minasi nne! Maana yake bila miwani mwisho wangu wa kuona sawasawa ni sentimeta 25. Daktari akanieleza kwamba jicho langu ni refu kupita kiasi, kutoka mbele kwenda nyuma, kwa hiyo picha inatua kabla ya kufika kwenye retina, lile pazia la nyuma linaloipokea. Mara nyingi ni mambo ya ukoo, na kushinda ndani umeinamia kitabu au simu kunachangia. Watoto wanaocheza nje mchana wana nafuu. Ila jicho likisharefuka halirudi. Karoti mboga nzuri, lakini haifupishi jicho.

Siku ya kwanza kuvaa miwani nilisimama mlangoni, nikamwona mama kule uani anapepeta mchele. Kumbe amezeeka. Nikarudi ndani kulia.

Kasheshe sasa ni mdogo wangu wa darasa la tano. Anakunja macho vilevile, na mama hataki kusikia. "Miwani itamharibu, ataizoea!" Si kweli. Miwani hairefushi jicho. Linarefuka lenyewe kadiri mtoto anavyokua, na kuna matone ya atropini hafifu ambayo daktari anaweza kumpa ili kupunguza kasi. Likipita minasi sita, hatari ya retina kubanduka inakuwa kubwa. Ukiona cheche za mwanga, vinzi vyeusi vingi ghafla, au kivuli kama pazia pembeni, achana na dawa za kuchemsha, wahi hospitali siku hiyohiyo. Retina ikibanduka unaweza kupofuka.

Jumatatu nampeleka dogo Bariadi. Mama nimemwambia tunafuata madaftari.