Mbwa wa Jumanne

Mimi ni mchora mabango. Ukipita Makiso, mjini Kisangani, ukaona kichwa kilichonyolewa vizuri kwenye ubao wa kinyozi, au kuku anayecheka mlangoni mwa mgahawa anamochinjwa, huenda ni mkono wangu. Mwaka 1994 nilijipa kazi nyingine isiyo na malipo. Kila asubuhi, isipokuwa Jumapili, nilibandika kwenye kibanda changu, karibu na soko kuu, karatasi yenye visanduku 3 vya picha. Humo aliishi mpelelezi wangu, Inspekta Kobe.

Kobe nilimwiba kwa watu wawili. Nilipokuwa mtoto, jarida la Jeunes pour Jeunes lilitufikia Kisangani kwa meli kutoka Kinshasa, zaidi ya kilomita 1,700 za mto, likiwa limekwisha kusomwa na kila abiria. Tulimgombania humo Apolosa, askari polisi wa mchoraji Boyau, kwa kuwa alisema kama watu wa mtaani wasemavyo. Hiyo ndiyo sauti niliyoichukua. Sura niliichukua kwa Dick Tracy, aliyeanza tarehe 4 Oktoba 1931 katika gazeti la Detroit Mirror, Marekani. Nilimkuta katika kitabu cha Kifaransa cha historia ya katuni, kurasa chache tu, zikanitosha. Mtazame kwa upande: kofia, pua ya ndoano, kidevu cha tofali. Mistari sita, saba hivi, na aliye ng'ambo ya barabara amemjua. Mchora mabango hahitaji somo hilo mara mbili. Kobe nikampa kofia pana kama gamba na shingo ndefu, basi. Mwizi wake nikamwita Pua-Ndimu, nikamkunja uso kama aliyeonja jina lake.

Visanduku 3 vina desturi yake. Cha kwanza kinakumbusha ya jana, cha pili kinasogeza mambo, cha tatu kinakunyima. Kule kunyima ndiko kunakochosha. Mwenye kitabu akibanwa na hamu hufunua ukurasa. Msomaji wa ukutani hulala na swali lake. Nami nililala na langu, maana sikuwa na hadithi nzima. Nilisoma kwamba Chester Gould, mchoraji wa Tracy, naye alikuwa akichora bila kujua mwisho. Wakati mmoja alimfungia mpelelezi wake mahali pasipo na njia, akaamua mkono wa mchoraji mwenyewe ushuke na kifutio umtoe. Mkubwa wake gazetini, Joseph Patterson, akaikataa. Nilipoisoma hiyo nilicheka. Sikujua zamu yangu inakuja.

Kisa changu kilikuwa cha mafuta ya mawese. Mapipa yalikuwa yanakutwa matupu katika ghala moja la Lubunga, ng'ambo ya mto, na kufuli haijaguswa. Jumamosi, Pua-Ndimu akamfungia Kobe ndani ya ghala hilo. Mlango wa chuma, dirisha hakuna, ufunguo ukatupwa mtoni. Niliona nimechora vizuri sana. Nikaenda nyumbani nikala, na kwenye tonge la pili nikagundua kwamba hata mimi sijui atatokaje.

Jumapili nikarudi kibandani, si kwa kazi, kwa wasiwasi tu. Mama mmoja aliyekuwa akiuza sombe, yaani kisamvu, jirani yangu alikuwa amesimama mbele ya karatasi za wiki nzima, mikono kiunoni.

“Mwanangu,” akasema, “mbwa wa Jumanne alikuwa ndani au nje?”

“Mbwa gani, mama?”

Akanionyesha. Kwenye karatasi ya Jumanne, pembeni mwa kisanduku cha pili, palikuwa na mbwa analamba chini, nyuma ya ghala. Nilimweka pale kwa kuwa nafasi ilibaki wazi.

“Nje, mama.”

“Analamba nini?”

Nikanyamaza.

“Analamba mawese,” akasema kwa sauti ya mtu anayemfundisha mtoto kuhesabu. “Mafuta yanatokea chini ya ukuta. Kuna ubao umelegea hapo. Wanayatoa kwa mpira, mapipa yanabaki. Na Kobe atapita hapohapo, ni mwembamba.”

Nilimshukuru kama mtu aliyekuwa akilijua jambo hilo tangu mwanzo. Sidhani alinisadiki. Jumatatu alfajiri nilipofika na karatasi mpya, yeye alikuwa amewahi, na nyuma yake wauza mkaa, wanafunzi, vijana wa toleka wameegemea baiskeli zao. Alikuwa akiwaonyesha mbwa.

Gould aliweka kalamu mwaka 1977, wengine wakaipokea, na Tracy akavuka hadi karne hii. Wapo wanaosema ni kwa sababu ya redio yake ya mkononi, ile ya mwaka 1946. Mimi namfikiria yule mama, aliyekaa na karatasi ya Jumanne kichwani siku tano huku akipima sombe.

Karatasi zote zililiwa na mchwa. Mwaka jana nilipanda pikipiki kuelekea Mangobo, na dereva, mtu mzima mwenye mvi, akanitazama kwenye kioo.

“Papa, si wewe wa Kobe?”

“Ndiyo mimi.”

“Yale mafuta, Pua-Ndimu alikuwa anamuuzia nani?”

Nikashuka, nikamlipa. Sikuwahi kumchora mnunuzi.